Feza, Usibaki kwa Jina Langu

Mikelenge, Kindu, Jumamosi, baada ya alasiri

Mwanangu Feza,

Salamu tumeshapeana asubuhi pale kivukoni, kwa hiyo sitaanza kwa kukuuliza hali. Najua uko Alunguli, ng'ambo ya mto, kwa bibi yako, kama ukoo wa baba yako unavyotaka: msafiri hulala kwa mkubwa wao usiku wa mwisho, na asubuhi humwagiwa maji miguuni ndipo aondoke. Mama Zuhura jirani yetu anavuka mto jioni hii kumwona dada yake, naye ndiye atakayekupa karatasi hizi. Zisome leo leo. Ukizisoma kesho zitakuwa zimechelewa.

Mambo ya sabuni, dawa za malaria na nani wa kumwamini Kinshasa sitayaandika. Shangazi zako wamekuambia hayo mpaka umeziba masikio. Nakuandikia kwa sababu ya neno uliloniambia jana jikoni, ukitwanga majani ya sombe, bila kuniangalia usoni.

"Mama, mi nabakia," ulisema. "Sitaki wakufukuze hapa juu yangu."

Kisha ukaendelea kutwanga kama mtu aliyesema tu kwamba mvua itanyesha. Mimi nilinyamaza, na pengine ulidhani nimekubali. Sikukubali. Nilinyamaza kwa hasira, na hasira yangu unaijua, ikifunguliwa mdomo haijui kituo. Nikaona heri niiandike, karatasi haina moyo wa kuumia.

Tuyaweke mambo wazi, wewe na mimi. Watu wa Kinshasa wamekuchagua. Waliona ile video uliyojipiga kwa simu nyuma ya nyumba, ukisema peke yako na mti wa mpapai, na katika wasichana wote waliotuma zao wamekupa wewe nafasi ya kuigiza fundi wa chombo kinachosafiri baina ya nyota. Tamthilia itaonyeshwa nchi nzima. Tiketi wametuma. Upande wa pili yupo baba yako mkubwa Ramazani, ambaye amekwisha kukutafutia mume, mfanyabiashara wa Kampene, na bwana huyo ametuma mbuzi watatu. Baba yako mkubwa aliwaleta nikiwa shambani, akawafunga uani, nikarudi nikakuta wanamaliza mboga yangu ya lenga-lenga. Mla mbuzi hulipa ng'ombe, na ng'ombe wa kulipwa ulikuwa wewe. Nilipomwambia kwamba unasafiri, akasema mbele ya watu kuwa nyumba hii ni ya marehemu ndugu yake, na siku utakayopanda ndege ndiyo siku nitakayotoka humu.

Kwa hiyo ukaamua kubaki ili mama yako alale pazuri, hata kama leo umevuka kwenda kulala kama msafiri. Sasa nisikilize.

Umekua ukisikia watu wananiita Kamanda. Wauza samaki wananiita hivyo, wenye pikipiki wananiita hivyo, hata yule mzee wa msikitini ambaye hasalimii mwanamke hunikoholea Kamanda. Ulipokuwa mdogo ulitaka nikuonyeshe picha zangu za televisheni, nami nilikuwa nakukatiza. Sikuwa nakuficha kitu. Hazipo. Hakuna hata moja iliyobaki katika dunia hii, na leo nitakuambia kwa nini.

Wakati wa vita mji ulifungwa. Treni haikuja tena. Njia ya Kibombo ilikuwa ya watu wenye bunduki, njia ya Pangi ya watu wengine wenye bunduki, na aliyekwenda kuchimba mihogo yake mwenyewe hakuwa na hakika ya kurudi na mihogo wala na miguu. Televisheni ya hapa mjini ilikuwa chumba kimoja nyuma ya duka lililofungwa, na ndani mlikuwa na kamera moja, jenereta yenye kikohozi, na kaseti moja. Mkubwa wake alikuwa Papa Kashindi, mwalimu wa jiografia ambaye hakulipwa mshahara tangu nilipokuwa msichana.

Nilikwenda pale kupeleka tangazo la kifo cha shangazi yangu. Mtangazaji akayasoma majina ya wafiwa vibaya, akamruka mjomba wangu mzima. Nikaingia ndani nikamwambia ayarudie, kamera ikiwa inaendelea, na kijiji kizima cha wafiwa wakaniona nikimfundisha kazi. Papa Kashindi hakunifukuza. Aliniuliza kama naweza kukasirika hivyo nikiwa nimevaa kofia ya bati.

Alikuwa na wazo lake. Aliniambia, "Barabara zote zimefungwa, mama. Chini hatupiti, kulia hatupiti, kushoto hatupiti. Inabakia juu." Kwa hiyo akabuni safari ya watu wa Kindu kwenda kwenye nyota, akaiita Treni ya Juu. Chombo chetu kilikuwa behewa la kweli, lile lililokaa kituoni na majani yakalifikia madirishani. Mlinzi wa mabehewa hayo yasiyokwenda popote alikuwa kijana mpole mwenye funguo nyingi. Ndiye aliyetufungulia, ndiye aliyenikatia kofia kutoka kwenye kopo la mafuta ya msaada, na kofia hiyo ikanichana sikio. Alama unaiona hadi leo. Aliomba msamaha siku nyingi mpaka nikaolewa naye. Huyo ndiye baba yako.

Mimi nilikuwa Kamanda Riziki, mkuu wa chombo. Karatasi za kuandikia hatukuwa nazo. Papa Kashindi alikuwa anatuketisha kwenye sakafu ya behewa, anatupa habari kwa mdomo: leo mmefika kwenye dunia isiyo na maji, wenyeji wake wanakunywa kivuli, haya, semeni. Tukasema. Jioni, mafuta ya jenereta yakipatikana, mji ukaona. Na juma lililofuata tulichukua kaseti ileile, tukarekodi juu ya yale ya kwanza. Ndiyo maana hakuna kitu. Kila nilipocheza nilifuta nilichocheza.

Usinionee huruma. Nilikuwa napenda kazi ile kuliko nilivyopenda kula. Watu ambao hawakuweza kufika kwenye mashamba yao walikusanyika kwenye televisheni chache za mitaa, wakapanda nasi. Sokoni wanawake waliniuliza, "Kamanda, juma hii unatupeleka wapi?" Sheikh alisema huko juu hakuna watu, mchungaji naye akasema huko juu hakuna watu, na hilo ndilo jambo pekee walilokubaliana wakati ule wote.

Kisha mkubwa mmoja wa askari akaanza kuangalia. Kilichomuudhi si nyota. Kilichomuudhi ni kwamba chombo chetu kinapita kila mahali na hakisimami kwenye barieri. Mjini wakati ule ulikuwa huwezi kwenda kisimani bila kukuta kamba imevutwa njiani, na mtu mwenye bunduki akikuomba chochote ulichobeba. Akamwambia Papa Kashindi kwamba huko mbinguni pia lazima barieri iwepo, na yule mwanamke anayejiita kamanda ashuke, atoe heshima, aombe njia. Akatoa hata askari wake wa kushika kamba, ili ionekane kweli.

Siku hiyo niliogopa. Sitakudanganya nikajifanya simba. Papa Kashindi alinishika mkono akaniambia nipige saluti, niombe njia, tumalize, tuna watoto. Nikamwambia sawa, na nilikuwa nimekusudia hivyo kabisa. Nikashuka kwenye behewa na kofia yangu. Askari alikuwa amesimama kwenye majani, amevuta kamba, na alikuwa na haya kwa sababu ya kamera. Nikamtazama. Nikaitazama ile kamba. Ilikuwa chini, usawa wa kiuno changu, nasi tulikuwa tumetoka kwenye nyota.

Nikasema, "Kamata kamba yako muzuri, mutoto wangu, isianguke. Siye tunapita juu."

Nikapanda behewani, nikafunga mlango.

Kwa kuwa hatukuwa na kaseti ya pili wala mafuta ya kurudia, Papa Kashindi alionyesha vilevile. Watu walicheka usiku ule mpaka kwa mara ya kwanza nikasikia kicheko cha mji mzima kinavuka mitaa. Asubuhi askari wakaja wakachukua jenereta. Mimi wakanipeleka kambini, wakanipiga, wakanikatisha majani kwa mikono mpaka jua likazama. Bibi yako, huyo unayelala kwake leo, aliposikia alivuka mto, akaja akakaa chini mbele ya kambi na kidonda chake cha mguu. Wakamfukuza, hakuinuka. Alisema amekuja kumchukua mke wa mtoto wake, na kama kuna chakula wampe kwa sababu hakula tangu asubuhi. Jioni wakanitoa, nadhani walichoka naye.

Lakini kwenye barieri zote za Kindu, watu wakipita walikuwa wanawaambia askari kwa adabu sana, "Kamata kamba muzuri, mutoto wangu." Askari hawakujua wakasirikie nini.

Hiyo ndiyo sehemu watu wanayokusimulia, na unaipenda. Nitakusimulia ile ambayo hawaijui.

Vita vilipopoa, jenereta nyingine ikapatikana, Treni ya Juu ikaanza tena. Wakati huo alikuja bwana mmoja kutoka Kinshasa, mtengenezaji wa tamthilia. Alikuwa hajaniona hata mara moja, kwa kuwa kaseti ilikuwa imekwisha kufuta kila kitu. Alikuwa amesikia tu habari za mwanamke wa kamba, watu walizibeba kwenye boti mpaka zikamfikia. Akakaa kituoni akatuangalia tukirekodi, kisha akaniita pembeni. Alisema anataka kutengeneza hadithi ya watu wa kesho, kwa kamera nzuri, na anataka mimi niiongoze. Alisema naweza kwenda na baba yako. Baba yako alisema twende. Alikuwa amechoka kulinda mabehewa.

Nikakataa. Nilimwambia yule bwana kwamba mama mkwe wangu ana kidonda, amekaa mbele ya kambi kwa ajili yangu, siwezi kumwacha. Kila aliyesikia alinisifu. Walisema huyu ndiye mke. Shangazi zako wawili walikuwa hapo hapo Alunguli, wanamwosha mama yao kidonda kila siku bila msaada wangu, lakini hilo halikuzuia mtu kunisifu.

Yule bwana akaondoka, tamthilia akampa mwanamke mwingine. Papa Kashindi akafariki kabla hujaanza kutembea. Madishi ya satelaiti yakaja, watu wakaanza kuangalia hadithi za mbali zenye nyumba nzuri, na chumba chetu kikageuka duka la sukari. Nikauza mchele. Na kila siku niliyouza mchele, Feza, nilikuwa namdai bibi yako. Sikutamka. Ningetamka ingekuwa nafuu. Nilikuwa naweka sufuria chini kwa kishindo akija kututembelea. Nilikuwa nampa chakula kizuri kwa uso mbaya. Akisifu mtoto wa jirani aliyesafiri, nilikuwa nasema, "Ndiyo, wengine wana bahati ya kusafiri." Nilimfanya yule mama, aliyekaa chini mbele ya bunduki kwa ajili yangu, ajione mwizi nyumbani mwa mwanawe. Miaka mingi. Na yeye hakujua ameiba nini.

Alikuja kujua baada ya kumzika baba yako. Matanga yalikuwa yamekwisha, tuko Alunguli tunamenya karanga, nami kwa uchungu nikafungua mdomo. Nikamwambia nilivyoacha Kinshasa kwa ajili yake. Hakuinua kichwa. Aliendelea kumenya karanga zake.

"Miye nilikuwa na kidonda ya muguu," akasema. "Nani alikuambia ubakie? Miye sikusema. Weye uliogopa, ukaipa woga yako jina yangu."

Nilikasirika nikaondoka bila kuaga. Nilivuka mto nikimtukana moyoni. Nilipofika ng'ambo nilikuwa nimekwisha kujua kwamba ni kweli.

Niliogopa. Askari sikumwogopa kama nilivyoiogopa kamera ya Kinshasa. Hapa kwetu nikicheza vibaya, juma lijalo naweka mengine juu yake, hakuna aliyeona. Kule wangeyaweka yabaki. Wangeniona watu wanaojua kazi, wakasema kumbe huyu ndiye, mwuza maneno wa kituoni. Nilipendelea kubaki mkubwa katika hadithi za watu kuliko kwenda kujaribiwa. Kisha nikalichukua jina la mama wa watu, nikaliweka mbele ya woga wangu, nikasifiwa kwa hilo. Hapa ndipo nilipokosea maisha yangu, si mahali pengine. Kamba sikukosea. Kipigo nilikipata kwa neno langu mwenyewe.

Basi jana uliposema unabaki kwa ajili yangu, nilisikia sauti yangu mwenyewe, ila yako ni tamu zaidi. Sijui kama unaogopa. Huenda unanipenda tu, na mimi ninapendeka. Lakini ukiogopa, sema naogopa. Mtu anaweza kupanda ndege anaogopa. Mimi nilishuka kwenye behewa naogopa na nikasema nililolisema. Ukiuita woga kwa jina langu ndipo hautakutoka tena, maana kila ukiniona utauona. Utanipikia vizuri na sufuria utaiweka kwa kishindo. Nitazeeka nikijiuliza nimekuibia nini. Sitaki. Nalikataa pendo la namna hiyo, na nalikataa mapema.

Kule watakucheka Kiswahili chetu. Wacha wacheke. Watakuambia utembee polepole, useme polepole, ulie vizuri. Ya kazi wasikilize, wanajua kuliko mimi. Ila wakikuwekea maneno ambayo wewe mwenyewe huyaamini, waulize kwa nini, na uulize kwa sauti. Ukikosea, kosa lako litabaki kwenye kamera watu waone, na utaamka siku ya pili uende kazini. Hicho ndicho nilichoshindwa kukijaribu, kwa hiyo hapo sina la kukufundisha. Utanifundisha wewe.

Juu ya baba yako mkubwa, usimchukie. Ndiye aliyebeba jeneza la baba yako mbele, na alilia kuliko sisi. Anaamini kweli kwamba msichana anayeonekana kwenye vioo vya televisheni za watu haolewi, na kwamba nyumba ya mwanaume ikikaliwa na mjane asiyesikia, ukoo unachekwa. Amekosea. Mtu anaweza kuwa mwema na akakosea, na asipewe anachotaka.

Sasa nikuambie nilivyoshinda leo.

Mtumbwi wako ulipofika katikati ya mto, nilirudi nyumbani nikawafungua wale mbuzi. Niliwaswaga mwenyewe, mchana kweupe, nikapita nao sokoni. Watu wakauliza, "Kamanda, mbuzi ya harusi?" Nikajibu kwamba wanarudi kwao, hali ya hewa ya hapa haikuwapenda. Nilimkuta baba yako mkubwa barazani na wazee wenzake wawili. Nikamkabidhi mbuzi, wote watatu wazima na wanene kwa lenga-lenga yangu. Kisha nikatoa ufunguo wa nyumba nikauweka kwenye mkeka mbele yake.

Akaniuliza, "Hii njo nini?"

Nikamwambia, "Ulisema nitatoka siku mutoto atapanda ndege. Nimetoka leo, usisumbuke kesho."

Akaniambia niuchukue, tutaongea. Nikaona anausukuma ufunguo kwangu kwa kidole, na nikamhurumia kweli. Nilimshukuru kwa yote aliyomtendea baba yako, nikaondoka. Mama Zuhura na mimi tumehamisha kitanda, sufuria, mizani ya mchele na lile koti lako baya usilotaka kulitupa. Chumba ni kile cha nyuma ya nyumba yake. Paa linavuja pembe moja, na kitanda nimekiweka pembe nyingine. Barua hii naiandikia humu, juu ya beseni lililopinduliwa, na nimekula, na nimeshiba.

Kwa hiyo hakuna tena nyumba ya kuniokolea. Ukibaki Kindu, utakuwa umebaki kwa sababu yako mwenyewe, na hiyo kamweleze bibi yako akiwa anamenya karanga, uone atakujibu nini.

Kesho nitakuwa uwanja wa ndege mapema, upande wa wanaoaga. Ukija na sanduku, nitakukumbatia mpaka unikasirikie. Ukija bila sanduku, nipe hiyo tiketi. Nitakwenda mimi, niwaambie watu wa Kinshasa kwamba fundi wa chombo amepatwa na udhuru, na kamanda wake amekuja mwenyewe. Wakikataa nitakaa chini palepale mpaka wachoke nami.

Mimi ni mama yako,
Kamanda Riziki